Lav Diaz na Filamu Iliyochukua Miaka Kumi: Uchambuzi wa Kisa

Mwaka 1999 Lav Diaz alikuwa mwongozaji wa kuitwa kazini mjini Manila, mji mkuu wa Ufilipino, akipewa siku saba kupiga filamu nzima. Miaka mitano baadaye, 2004, alitoa Ebolusyon ng Isang Pamilyang Pilipino, filamu ya takriban saa kumi na moja ambayo alianza kuipiga mwaka 1994. Kisa ninachotaka kukichambua kimo katikati ya hizo tarehe mbili: mtu yuleyule, mwenye kichwa kilekile na nchi ileile ya kusimulia, aliwezaje kutoka kule akafika huku, alilipa nini, na nani wengine walilipa pamoja naye.

Niseme mapema ninakoegemea. Wengi wakimtaja Diaz hutaja kwanza urefu wa filamu zake, kana kwamba ni vazi alilolichagua ili atofautiane na wenzake. Siamini hivyo. Nikifuata kazi yake hatua kwa hatua naona kwamba urefu ndio uliobaki baada ya kuondoka wote waliokuwa na mamlaka ya kumwambia "kata hapa". Walikuwa watatu: mwenye studio, mkanda wa filamu wenyewe, na mwenye ukumbi wa sinema. Kila mmoja aliondoka kwa njia yake, na kuondoka kwa huyo wa tatu ndiko kulikoacha jeraha.

Diaz alizaliwa tarehe 30 Desemba 1958 huko Datu Paglas, Cotabato, katika kisiwa cha Mindanao kusini mwa Ufilipino. Tarehe hiyo Wafilipino humkumbuka José Rizal, mwandishi aliyepigwa risasi na Wahispania mwaka 1896. Wazazi wake walikuwa walimu wa vijijini. Baba alipenda riwaya za Kirusi na alipenda sinema kupita kiasi. Mwisho wa juma aliiteremsha familia hadi mji wa Tacurong, ambako kulikuwa na kumbi nne, kila ukumbi ukionyesha filamu mbili kwa tiketi moja, na wakazimaliza zote. Mtoto akakua na filamu za kila aina kichwani, nzuri na mbovu bila ubaguzi.

Kisha vita vikafika. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 Mindanao iliwaka: vikundi vyenye silaha vya Wakristo na vya Waislamu, na jeshi katikati. Septemba 1972 Rais Ferdinand Marcos akatangaza utawala wa kijeshi, na Diaz alikuwa hajatimiza miaka 14. Miaka ile hakuiacha tena. Filamu yake ya 2014, Mula sa Kung Ano ang Noon, inakaa katika kijiji kimoja kati ya 1970 na 1972. Nyumba zinaungua bila aliyeonekana kuwasha moto, ng'ombe wanakutwa wamekatwakatwa, wanakijiji wanaanza kutazamana kwa shaka, na ndipo malori ya jeshi yanapoingia. Hakuna hotuba ya kueleza udikteta ni nini. Unaona namna unavyokijia kijiji kidogo kidogo, mpaka siku askari wanapofika kila mtu ameshachoka kuogopa. Ilimpatia Chui wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Locarno kule Uswisi.

Alipokuwa mwanafunzi alitazama Maynila sa mga Kuko ng Liwanag, filamu ya Lino Brocka ya mwaka 1975 kuhusu kijana wa kijijini anayesagwa na jiji la Manila. Diaz amesimulia mara nyingi kwamba filamu ile ndiyo iliyomwonyesha sinema inaweza kuibeba nchi. Lakini hakukimbilia kamera. Alianza kwa kalamu: uandishi wa habari, skripti za televisheni, skripti za filamu. Mafunzo ya kamera aliyapata kwenye warsha za Mowelfund, mfuko wa ustawi wa wafanyakazi wa filamu ulioanzishwa mwaka 1974 na Joseph Estrada, mwigizaji aliyekuja kuwa rais wa nchi. Huo mguu wa uandishi usisahaulike, kwa sababu baadaye ndio uliomsimamisha, na pengine ndio uliomponza pia.

Mwanzoni mwa miaka ya 1990 alihamia Marekani, akafanya kazi katika gazeti la Wafilipino huko Jersey City. Mwaka 1994, kwa msaada wa rafiki yake Paul Tañedo, alianza kupiga Ebolusyon ng Isang Pamilyang Pilipino, habari ya familia moja ya wakulima maskini, kwa kamera ya milimita 16.

Hapa lazima nieleze kitu cha ufundi, maana bila hicho kisa hakieleweki. Mkanda wa milimita 16 wenye futi 400 hudumu dakika kama 11 ndani ya kamera, kisha lazima usimame ubadilishe. Na kila dakika unailipia zaidi ya mara moja: unanunua mkanda mtupu, unalipia maabara kuusafisha, unalipia nakala. Mtu asiye na fedha anapiga kidogo, anahifadhi alichopiga, anasubiri. Miaka inapita. Filamu ile ikawa inakwenda na kusimama, kusimama na kwenda, hata ikafika mahali pesa zilikatika kabisa.

Akarudi Manila kutafuta riziki ndani ya mfumo. Sinema ya Ufilipino wakati huo ilikuwa taabani. Msukosuko wa fedha wa Asia wa mwaka 1997 ulizipiga studio zilizokuwa tayari zimebanwa na filamu za Hollywood. Kampuni ya Regal ya Lily Monteverde ikaja na mpango wa filamu za bei nafuu kupitia tawi lake la Good Harvest. Wenyewe waliuita pito-pito, saba kwa saba: siku saba za maandalizi, siku saba za kupiga. Diaz alitoa Serafin Geronimo mwaka 1998, kisha mbili nyingine mwaka 1999.

Sitaki kuusema vibaya tu mfumo ule. Uliwafungulia mlango waongozaji vijana ambao studio isingewapa hata kikombe cha chai. Jeffrey Jeturian alitengeneza Pila Balde kwa mpango huohuo, na ni filamu hai mpaka leo. Serafin Geronimo yenyewe, iliyojengwa juu ya mtu anayesumbuliwa na dhambi aliyoitenda, ilimtangaza Diaz kwa wahakiki papo hapo. Lakini fikiria siku saba zinaifanyia nini skripti. Kinachoondoka kwanza ni kila kitu kisichosukuma hadithi. Mama akipika, huo ni muda uliopotea. Mtu akitembea kutoka shambani hadi nyumbani, kata, mwonyeshe ameshafika. Mtu akinyamaza, mpe la kusema. Baada ya kukata hivyo zinabaki habari za maskini zisizo na maisha ya maskini ndani yake, kwa maana sehemu kubwa ya maisha hayo ni kutembea, kusubiri na kufanya kazi moja ileile siku nzima. Mtoto wa walimu wa Cotabato aliyajua hayo mwilini.

Mwaka 2001 alitoa Batang West Side, na hapo ndipo kamba ilipokatika. Ilipigwa New Jersey. Kijana wa Kifilipino anakutwa ameuawa barabarani huko Jersey City, na mpelelezi Mfilipino, aliyeigizwa na Joel Torre, anawahoji waliomfahamu mmoja mmoja. Filamu ina saa tano na dakika 15. Ukiitazama unaelewa kwa nini. Kila anayehojiwa anakuja na uhamiaji wake, aibu yake, na dawa za kulevya zilizoingia nyumbani kwake, na mpelelezi mwenyewe ana siri aliyoikimbia kutoka nyumbani. Ukiipunguza hadi saa mbili unabaki na swali la nani alimuua kijana, ambalo ndilo swali dogo kuliko yote yaliyomo. Diaz hakukubali kuipunguza. Gawad Urian, tuzo za wahakiki wa Manila, ziliichagua kuwa filamu bora ya mwaka.

Napenda sana kilichofuata, kwa sababu hakilingani na hadithi ya shujaa. Baada ya ushindi huo, mwaka 2002, alirudi kuifanyia Regal filamu nyingine, Hesus Rebolusyunaryo, yenye urefu wa kawaida. Mtu haondoki kwa mwajiri kwa sababu tu amethibitisha kwamba yuko sahihi, maana watoto wanakula na kodi ya nyumba inadaiwa. Kilichomwezesha kuondoka kwa kweli kilikuwa kamera ndogo ya dijitali. Kanda moja ndogo ilibeba saa nzima badala ya dakika 11, maabara ikawa haina kazi tena, na uhariri ukafanyika kwenye kompyuta nyumbani. Akaifungua tena Ebolusyon, akaendelea kuipiga kidijitali, akachanganya picha mpya na zile za zamani bila kuficha mshono.

Filamu inaanza mwaka 1971 na kuishia 1987, yaani kabla ya utawala wa kijeshi hadi baada ya Marcos kuanguka Februari 1986. Raynaldo ni mtoto aliyeokotwa jalalani na Hilda, mwanamke aliyerukwa na akili, akalelewa katika familia ya bibi Puring. Kijana Elryan de Vera aliyemwigiza alikua huku filamu ikipigwa. Unamwona mtoto, baadaye unamwona kijana mwenye sauti nzito akiishi na wachimbaji wadogo wa dhahabu, na hakuna mpakaji vipodozi aliyefanya kazi hiyo. Muda ambao Diaz alikosa fedha za kuununua umeingia ndani ya picha. Kati ya matukio kuna picha za kumbukumbu za zama hizo, na kuna redio. Familia inakaa kuizunguka kusikiliza mchezo wa kuigiza, na Diaz anatupeleka hadi studio ambako waigizaji wanalia na kufoka mbele ya kipaza sauti. Wakulima wale wana tamthilia iliyojaa mikasa masikioni, na mikasa yao wenyewe inapita kimya.

Tukio linalotajwa kuliko yote ni kifo cha Kadyo, mtoto wa Puring. Amechomwa kisu Manila. Katika filamu ya kawaida angeanguka, muziki ungepanda, nasi tungehamia msibani. Hapa anatembea. Ameshika ubavu, anaegemea ukuta, anakaa chini, anajiinua, anajikokota tena. Barabara ni tupu. Dakika zinakwenda, nyingi kuliko unavyodhani utavumilia. Kwanza unamhurumia, halafu unachoka, halafu unaona haya kwamba umechoka kumtazama mtu akifa, na haya hiyo ndiyo kazi ya tukio zima. Sijui njia ya kuipata kwa shoti ya sekunde 40. Kwangu mimi hapo urefu umelipa deni lake lote.

Sasa gharama. Filamu ilionyeshwa kwenye tamasha la filamu la Toronto mwaka 2004, sifa zikaja kutoka Ulaya na Amerika, lakini ukumbi wa biashara wa Manila ungeiweka wapi? Filamu ya saa mbili hupita mara tano kwa siku kwenye skrini moja. Ya saa kumi na moja hupita mara moja, na hakuna mwenye ukumbi anayeishi kwa hesabu hiyo. Wafilipino walioziona filamu zake za kipindi kile waliziona zaidi kwenye kumbi za vyuo, hasa Chuo Kikuu cha Ufilipino huko Diliman, na kwenye nakala za kupeana mkononi. Mkulima wa Cotabato, ambaye kwa ajili yake kutembea na kusubiri kulirudishwa kwenye picha, hakuwa miongoni mwao. Hili linaniuma kila ninapoifikiria kazi hii, na wanaompenda Diaz hulipita haraka mno. Studio iliondoka na amri zake za kukata, lakini iliondoka pia na njia ya kuwafikia watu. Pahala pake pakakaliwa na tamasha la filamu, ambalo nalo ni bwana, hata kama ni bwana mpole.

Kilichosaidia nyumbani ni wahakiki vijana walioamua kuibeba kazi ile kwa maneno. Aliyesimama mbele alikuwa Alexis Tioseco, aliyeandika kuhusu sinema huru ya Kusini-Mashariki mwa Asia kwa upendo na ukali ambao ningetamani kuuona kwetu. Yeye na mwenzake Nika Bohinc, mhakiki kutoka Slovenia, waliuawa nyumbani kwao Quezon City tarehe 1 Septemba 2009. Diaz alitengeneza filamu kuhusu mauaji hayo mwaka 2012. Sinema isiyo na matangazo huishi kwa watu wa namna ile, na wakiondoka pengo lao halizibiki kwa tuzo.

Utaratibu wake wa kazi baada ya 2004 ulikuwa huu: kikosi kidogo, mara nyingi mwenyewe akiwa mshika kamera na mhariri, na skripti anaiandika usiku ili asubuhi waigizaji wapewe kurasa za siku hiyo. Uzuri wake ulionekana wazi katika filamu ya 2007 kuhusu Bicol, eneo la Ufilipino lenye volkano. Tarehe 30 Novemba 2006 kimbunga kilichoitwa Reming kiliteremsha matope ya volkano kutoka mlima Mayon, vijiji vikafunikwa, na zaidi ya watu elfu moja wakafa au wakapotea. Diaz alikwenda na kamera kupiga mabaki ya mahali alipopafahamu. Papo hapo hadithi ikaota: mshairi anayerudi kutoka Urusi kutafuta wafu wake chini ya matope. Waigizaji wanapita katikati ya mawe halisi, na manusura halisi wanaelezea walichokiona. Studio ingekuwa bado inajadili bajeti.

Ubaya wake ni kwamba skripti iliyoandikwa usiku na kupigwa asubuhi haina msomaji wa pili. Nimeziona filamu zake ambazo wahusika hugeuka ghafla kuwa wahadhiri, wakizungumza kuhusu sanaa na taifa kwa sauti moja, ya mwandishi. Hapo urefu hautoi chochote, unaongeza tu. Ndiyo maana nampa msomaji Norte, Hangganan ng Kasaysayan ya mwaka 2013 kama kipimo. Ina saa nne na dakika 10, ni ya rangi, na skripti aliandika pamoja na mwandishi wa tamthilia Rody Vera. Msomi aliyeacha masomo ya sheria anaua, mtu maskini anafungwa kwa kosa lisilo lake, na yote yanatokea Ilocos Norte, mkoa wa nyumbani kwa Marcos. Marcos mwenyewe alihukumiwa akiwa kijana kwa mauaji ya mpinzani wa kisiasa wa baba yake, kisha Mahakama ya Juu ya nchi ikamwachia mwaka 1940. Kwa maoni yangu hiyo ndiyo skripti iliyosukwa vizuri kuliko zote za Diaz, na nadhani sababu ni kwamba kulikuwa na mtu mezani wa kumuuliza "kwa nini?". Kuwa huru dhidi ya saa ya studio kulikuwa lazima. Kukosa mwenzi wa kuandika naye hakukuwa lazima.

Mwaka 2016 mlango wa kumbi ulifunguka kidogo. Hele sa Hiwagang Hapis, filamu ya saa nane kuhusu mapinduzi dhidi ya Hispania na mke wa Andrés Bonifacio, kiongozi wa mapinduzi hayo, akiutafuta mwili wa mumewe milimani, ilipata tuzo kwenye tamasha la Berlin mwezi Februari, na mwezi uliofuata ikaingia kwenye kumbi za biashara Ufilipino, ikikatwa kwa mapumziko. Ilikuwa na Piolo Pascual na John Lloyd Cruz, sura zinazojulikana na kila muuza genge. Septemba hiyohiyo Ang Babaeng Humayo ikanyakua Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la Venice, mara ya kwanza kwa Mfilipino. Mwigizaji mkuu alikuwa Charo Santos-Concio, aliyekuwa ameiongoza ABS-CBN, wakati huo kampuni kubwa ya televisheni nchini, akimwigiza mwalimu aliyefungwa miaka 30 bila hatia. Tazama mkono wa nani uliofungua: nyota wa televisheni na mtu wa kampuni ileile inayotengeneza tamthilia za kila jioni. Wengine waliona ni kuuza msimamo. Mimi naona ni mara ya kwanza kwa mfumo kuja kwake na kukubali saa yake, na filamu hizo hazikulegea kwa sababu hiyo. Mwalimu Horacia, anayejipanga kulipiza kisasi na bado hawezi kujizuia kumuuguza kila aliyevunjika anayekutana naye barabarani, ni mmoja wa watu wakamilifu kabisa aliowahi kuwaandika.

Mwaka 2025 alipeleka kwenye tamasha la Cannes filamu ya Magellan, akiwa na Gael García Bernal na fedha za watayarishaji wa Ulaya. Ina dakika 160 tu, na Ufilipino iliichagua kuiwakilisha kwenye Oscar. Msomaji wa pwani yetu ana sababu yake ya kuitafuta. Ferdinand Magellan, baharia Mreno, aliondoka Ureno mwaka 1505 katika kundi la merikebu za Francisco de Almeida, lile lililoiteka Kilwa na kuichoma Mombasa mwaka huohuo, kabla ya kufika Malacca na hatimaye kuuawa katika kisiwa cha Mactan, Ufilipino, mwaka 1521. Filamu inafungua kwa mwanamke mtoni anayemwona mzungu kwa mara ya kwanza na kupiga kelele. Vita vyenyewe karibu hatuonyeshwi. Tunaonyeshwa miili iliyolala ufukweni baada ya vita, na kamera inakaa nayo.

Diaz amesema lipo toleo refu la takriban saa tisa, litakalompa nafasi zaidi Beatriz, mke wa Magellan. Kwa hiyo ule ubishi wa Batang West Side haujaisha. Safari hii amekubali kutoa kwanza toleo fupi ambalo kumbi zinaweza kulibeba, na lile refu kulishikilia mkononi mwake mwenyewe. Kwa mtu aliyeanza na siku saba na mkato wa mwisho ukiwa mkononi mwa studio, naona amepiga hatua kubwa, na natumaini toleo hilo la pili litaonyeshwa Cotabato mapema kuliko Venice.